Sura ya Saba: Dirisha Lililozibwa

Siku ile ya kwanza Sindano hakuliona jengo. Aliona damu sakafuni, nyayo za watu walioikanyaga wakikimbilia kusaidia, na vibarua waliokuwa wakisema wote kwa mpigo kama kuku walioingiliwa na mwewe. Leo alirudi. Damu ilikuwa imeoshwa, vibarua wamerudishwa makwao, na msitu ulikuwa kimya, ila ndege tu. Akasimama kwenye kona ya mwisho ya njia, akainua macho, akasahau neno alilotaka kumwambia msaidizi wake.

"Vipi, afande?"

"Subiri kidogo."

Kikanisa kilikuwa mbele yao muda wote huo, nao walikuwa hawajakiona. Paa lake la vigae vya mbao lilikuwa limepauka likafanana na magome. Kuta zake zilikuwa vioo virefu vilivyosimama kati ya nguzo nyembamba za mbao, na ndani ya vioo hivyo mlikuwa na miti, majani na vipande vya mbingu, hata mtu asijue msitu unaishia wapi na nyumba inaanzia wapi. Hapakuwa na kisiki hata kimoja. Kila ukuta ulipokutana na shina, ukuta ndio uliopisha: uliingia ndani, ukazunguka, ukaendelea na safari yake, kama kijana mwenye adabu anayempisha mzee njiani.

Watu wa dini zote waliiita nyumba hiyo kikanisa, kwa kukosa neno jingine. Ilijengwa kwa ajili ya watu waliofukiwa na mlima. Msimu mmoja wa mvua, miaka iliyopita, ubavu wa mlima ulikatika ukaangukia kijiji cha wapasua mbao kilichokuwa bondeni, na wengi hawakupatikana hata wa kuzikwa. Ndugu wa marehemu waliunda kamati, wakamtafuta msanifu majengo, mwanamke ambaye nyumba zake zilikuwa zikisifiwa mbali, wakamwambia: tujengee mahali pa kulia. Msanifu akaja na mdogo wake wa tumbo moja, ambaye ni mhandisi. Wakajenga pamoja na wakagombana pamoja, kila siku ya Mungu, mpaka vibarua wakazoea kuweka chini nyundo zao na kusikiliza.

Sasa, siku chache kabla ya ufunguzi, Msanifu alikuwa amelala hospitalini hajitambui, kichwa kimefungwa, baada ya kuanguka kutoka kwenye ngazi humu ndani. Mdogo wake alikuwa mahabusu. Na Mwenyekiti wa kamati, mtu anayeheshimiwa na kila mtu, alikuwa ameandikisha maelezo kwamba alisimama hapa hapa njiani, akamwona kupitia kioo Mhandisi akiisukuma ngazi.

Asubuhi hiyo mkuu wa kituo alikuwa ameshaandaa gari la kwenda mahakamani.

"Shahidi yupo," alisema. "Mtuhumiwa mwenyewe amekiri. Unatafuta nini tena, Sindano? Uzi?"

"Tundu, mkuu. Sindano bila tundu haishoni."

Jina hilo walimpa askari wenzake, kwa kuwa alipita pasipopitika na kila alipopita aliacha kitu kimeunganishwa. Mkuu alicheka bila kupenda, akampa mpaka adhuhuri.

Kukiri kwenyewe ndiko kulikokuwa kumemkosesha raha. Kabla ya kutoka kituoni alikwenda kumwona Mhandisi. Jamaa alikuwa amekaa sakafuni, macho mekundu, vumbi la mbao bado nyweleni.

"Ni mimi niliyemwangusha," alisema, kama alivyosema tangu jana.

"Ulimsukumaje? Kwa mkono gani?"

Mhandisi alimtazama kana kwamba ameulizwa kwa lugha ya kigeni. "Ngazi ile niliitengeneza mimi, afande. Nilimwambia dada yangu ni imara, panda bila wasiwasi. Mtu akianguka kwenye ngazi yangu, nani kamwangusha?"

Akaegemeza kichwa ukutani, akafumba macho.

"Ujanja huo, afande," Sajenti alimwambia njiani. Sajenti huyo walimwita Redio, kwa sababu hakuwa na mahali pa kuzimwa. "Mtu anajifanya mjinga ili umwonee huruma. Halafu vibarua walisikia jana yake dada mtu akimpigia kelele: 'Utaniua wewe!' Mbele ya watu! Sasa hapo unataka nini tena?"

"Mama yako hajawahi kukuambia utamuua?"

Redio alifikiri. "Kila wiki."

"Na yu hai?"

"Yu hai, na wiki hii bado hajaniambia."

Sasa walikuwa wamesimama pale aliposimama Mwenyekiti. Sindano alimwacha Redio achunguze njia, yeye akabaki akitazama vioo. Hakuona mtu ndani. Redio, akiwa ametosheka na njia, alisogea karibu na kioo kimoja, akajitazama, akachana masharubu kwa kidole, akavuta tumbo ndani, akapandisha suruali, akajigeuza upande kuona kama tumbo limekubali. Halikukubali. Akaliachia.

"Twende," Sindano alisema.

Mlango ulikuwa mfupi. Hata Sindano, ambaye hakujaliwa kimo, alilazimika kuinama kuingia, na alipoinuka upande wa pili alijikuta bila kupanga amevua kofia. Paa, lililokuwa kichwani pale mlangoni, lilikuwa likipanda polepole kadiri macho yalivyokwenda mbele, limebebwa na mbavu za mbao zilizopindwa kama vidole vya mikono miwili inayokaribia kukutana. Hazikukutana. Kati yake palipita ufa mrefu wa mwanga. Katikati ya nyumba mti mmoja mkubwa uliachwa uendelee na maisha yake, ukitoka kupitia tundu la mviringo kwenye paa, na chini yake kokoto zilikuwa zimetandazwa kupokea mvua itakayoteremka na shina. Harufu ilikuwa ya mbao mbichi na udongo.

"Mtu aliyechora hiki," Redio alisema, na kwa mara ya kwanza sauti yake ilishuka, "alikuwa na akili ya kutisha."

"Anayo. Bado yu hai."

"Masharubu yako yamekaa vizuri, mwanangu," sauti ilisema. "Usiyahangaikie."

Redio aliruka. Kwenye benchi la pili kutoka mbele, mita chache tu kutoka kwenye kioo kile, alikaa mwanamke wa makamo aliyejifunga kitambaa cheusi kichwani. Walimfahamu. Kila mtu alimwita Mama Pacha; mlima ulikuwa umemchukulia wanawe wawili kwa mara moja. Utepe wa polisi alikuwa ameupita chini chini.

Redio alikuwa ameiva uso. "Mama, uliniona?"

"Nilikuona mpaka ulipoliachia tumbo."

Sindano hakucheka. Alikuwa amegeuka anatazama nje. Kutoka ndani, kioo kilikuwa kama hakipo. Aliona njia yote, kona yake, kila jani, hata sisimizi waliokuwa wakipanda gome la mti ulio karibu.

"Ulikuwa umekaa hapo hapo tangu tulipofika?"

"Hapa hapa. Sijanyanyuka."

"Redio, rudi njiani. Simama aliposimama Mwenyekiti. Nikiinua mkono, inua wako."

Redio alitoka. Sindano aliinua mkono wa kulia. Njiani, Redio alisimama kama mlingoti. Sindano akainua wa kushoto. Akatikisa kofia. Akavua koti, akalipunga hewani, na mwishowe akaruka ruka mbele ya mama wa watu, yeye na umri wake na cheo chake. Redio aliendelea kusimama, akajikuna shingo.

Sindano akatoka nje, akamwamuru aingie yeye. Aliisogelea kona, akarudi nyuma, akainama, akakinga macho kwa viganja. Kila alipotazama aliona msitu, na katikati ya msitu mwanamke mfupi mwenye sare. Alipobandika paji la uso kwenye kioo ndipo alipoanza kuona kivuli cha Redio, akiwa ndani anacheza ngoma isiyo na mdundo.

Alirudi ndani akihema kidogo.

"Labda ni saa," Redio alisema. "Jua likigeuka pengine inaonekana."

"Swali zuri. Mwenyekiti alisema ilikuwa wakati gani?"

"Asubuhi. Kama sasa hivi."

"Na ndani kulikuwa na taa?"

"Umeme haujaingizwa bado."

"Basi."

Mama Pacha alikuwa akiwasikiliza, mikono magotini. "Mnaulizana bure," alisema. "Ni mimi niliyeomba iwe hivyo. Msanifu alipoleta mchoro wake kwenye kamati, watu wote walifurahi, vioo kila mahali. Nikamuuliza: mwanangu, nikija kulia humu, kila anayepita njiani si atanitazama kama samaki kwenye chupa? Hakunijibu siku ile. Alirudi baada ya wiki kadhaa, akanileta hapa pamoja na wanakamati, akasimamisha kioo kimoja kati ya miti miwili. Akakilaza kidogo tu kwa nyuma, kama mtu anayetazama juu. Akaniambia, nenda nyuma yake ukalie, mama. Nikaenda. Sikulia, nilicheka. Nilikuwa nawaona wote na hakuna aliyeniona. Akasema: anayelia atauona msitu, na msitu ndio utakaomficha."

Sindano aligusa kioo kwa ncha ya kidole. Ni kweli kilikuwa kimelala, kidogo sana, kiasi cha kuvuta majani ya juu na mbingu na kumrudishia mpita njia. Katika kazi yake alikuwa ameona vioo vingi: vya maduka, vya benki, vya magereza. Vyote vilitengenezwa ili mtu aonekane. Hakuwahi kuona kilichotengenezwa kumsitiri.

"Kwa hiyo Mwenyekiti amedanganya," Redio alisema.

"Kwamba alisimama nje, amedanganya. Alichokiona bado hatujui."

Alianza kutembea. Sakafu ilikuwa imeteremka kidogo kuelekea mbele, si kiasi cha macho kugundua, lakini miguu iligundua, ilikwenda yenyewe. Mabenchi yalielekea mbele. Mbavu za paa zilielekea mbele, ufa wa mwanga juu ulielekea mbele. Na huko mbele, mahali ambapo katika makanisa mengine pangekuwa na madhabahu, palikuwa na ukuta wa mbao za kawaida, mbaya, za kufungia makreti, zimepigwa kuanzia chini mpaka juu.

Siku ya kwanza aliziona akadhani ni kazi isiyokwisha. Leo, baada ya kukijua kile kioo, hakuweza kudhani hivyo. Mtu aliyefikiria mpaka machozi ya mgeni asiyemjua hakuwa mtu wa kuongoza kila kitu kwenye ukuta wa makreti.

"Mama, nyuma ya hizi kuna nini?"

"Dirisha kubwa. Linatazama mlima, pale ulipokatika."

"Nani aliliziba?"

"Kamati. Ilimwagiza Mhandisi apige hizo mbao. Mwenyekiti alisema vumbi la ujenzi litakwaruza kioo, lizibwe mpaka siku ya ufunguzi. Baadaye akaanza kusema labda libaki hivyo hivyo, watu wasitoneshwe vidonda."

"Vioo vingine havina vumbi?"

Mama Pacha alifungua mdomo, akaufunga. "Sikuwahi kujiuliza," alisema polepole. "Siku moja kabla hajaanguka, Msanifu aliniambia: kesho naliondoa hilo zibo mwenyewe. Njoo uone nilichowajengea."

Sindano alichuchumaa mbele ya mbao. Kila ubao ulikuwa na mshale mdogo wa penseli kuonyesha upande wa juu, na skrubu nne. Mifereji ya vichwa vya skrubu hizo ilikuwa imesimama wima, yote, kama askari kwenye gwaride. Mtu aliyekaza skrubu za zibo la muda kwa namna hiyo hakujua kufanya kazi vibaya hata akitaka. Kisha, kwenye kimo cha bega, aliukuta mmoja ambao mshale wake ulielekea chini. Ulikuwa na skrubu mbili tu, moja imeingia kombo, nyingine haijafika mwisho.

Alimwita Redio. Redio aliutazama ubao, akatazama jirani zake.

"Huu umefunguliwa ukarudishwa," alisema.

"Na nani?"

"Si Mhandisi. Mhandisi angejikata kidole kwanza." Akaugusa ubao. "Afande, aliyeurudisha aliurudisha lini?"

Sindano aligeuka akatazama sakafu. Jibu lilikuwa linamchukiza. Msanifu alifungua ubao mmoja, akapanda ngazi aanze wa juu, akaanguka. Vibarua walipoitwa, mbao zote zilikuwa mahali pake. Kwa hiyo mwanamke alipokuwa amelala sakafuni kichwa kinavuja damu, mtu fulani alisimama karibu naye anakaza skrubu.

Alitoka nje akazunguka jengo, Redio nyuma yake, mpaka upande ule ambao dirisha lilitazama. Miti ilifunguka ghafla. Ng'ambo ya bonde ulisimama mlima, na ubavuni mwake kovu la udongo mwekundu lililokuwa bado halijaota nyasi. Barabarani watu walilipita kila siku, lakini kutoka barabarani walikuwa wanaona chini tu. Kutoka hapa ilionekana sehemu ya juu. Na juu ya kovu, kwenye mteremko wote ambako ungetegemea msitu, vilikuwa visiki. Vilijipanga kwa mistari, vimekatwa kwa msumeno, kama meno yaliyosagwa.

"Tuliambiwa ni mvua," Redio alisema.

"Mvua ilinyesha kila mahali. Nani alikata pale juu?"

"Kampuni ya mbao, zamani hizo. Ilishafungwa. Meneja wake alikuwa..." Redio akanyamaza. Kimya chake kilikuwa kitu kigeni kiasi kwamba Sindano aligeuka kumtazama. "Mke wake mwenyewe alifia bondeni, afande. Alikuwa amekwenda kumtembelea mtu. Ndiyo maana hakuna aliyewahi kumuuliza. Nani angemuuliza mfiwa?"

"Mpigie Mwenyekiti simu," Sindano alisema. "Mwambie nahitaji anionyeshe alipokuwa amesimama. Kwa heshima zote."

Mwenyekiti alikuja mwenyewe, kwa miguu kutoka barabarani, suti imenyooshwa, viatu vimepigwa rangi. Alikuwa mtu mrefu mwenye sauti ya kutuliza watu. Matangani ndiye aliyekuwa akipewa nafasi ya kuzungumza. Aliuliza kwanza hali ya Msanifu, na uso wake ulionyesha kwamba swali linamuuma kweli.

"Yu vile vile," Sindano alisema. "Samahani kukusumbua, mzee. Ulisimama wapi?"

"Hapa." Aliweka mguu karibu na jiwe.

"Ukaona kupitia kioo hiki."

"Ndiyo. Kama ninavyokuona wewe."

"Hebu tazama sasa hivi. Kuna mtu ndani?"

Mwenyekiti alitupa jicho. "Hakuna."

"Una hakika?"

"Binti yangu, nina miwani lakini si kipofu. Hakuna mtu."

"Mama!" Sindano aliita.

Mlango mfupi ulifunguka. Mama Pacha alitoka akiwa ameinama, akanyooka, akasimama akimtazama Mwenyekiti. Mwenyekiti alitazama kioo, akamtazama mama, akatazama kioo tena. Kwenye kioo palikuwa na mtu mrefu mwenye suti katikati ya msitu.

"Amekuwa benchi la pili muda wote," Sindano alisema. "Kamati nzima ilionyeshwa jinsi vioo hivi vinavyofanya kazi. Siku hiyo ulikuwa wapi, mzee?"

"Sikuhudhuria." Alipangusa midomo kwa leso. "Labda nilikuwa nimesogea zaidi. Mtu akishtuka hakumbuki vizuri."

"Ni kweli. Twende ndani, utakumbuka."

Ndani, Mama Pacha alisimama kando ya mti akisikiliza, na Mwenyekiti akakaa kwenye benchi la mwisho, karibu na mlango. Sindano alimwomba asogee mbele. Akasogea benchi moja. Akamwomba tena.

"Msanifu alikuwa juu ya ngazi," Sindano alianza. "Anafanya nini?"

"Anafungua mbao."

Redio, aliyekuwa ameegemea nguzo, alisimama wima.

"Mbao zipi?"

"Hizo mbele."

"Zote zimefungwa, mzee. Vibarua walipoingia zilikuwa zimefungwa. Sisi wenyewe tuliandika kwamba alipanda kukagua paa. Hakuna mtu duniani anayejua kwamba alikuwa anafungua mbao, ila Mama Pacha ambaye aliambiwa, na aliyekuwepo."

Mwenyekiti aliinamia viatu vyake.

"Redio, fungua ule ulio kichwa chini."

Redio alitoa bisibisi. Skrubu ya kombo ilitoka kwa mlio, ya pili haikuhitaji nguvu. Ubao ulipotoka, mwanga uliingia kwa mstari mmoja mpana, ukapita katikati ya mabenchi mpaka kwenye viatu vya Mwenyekiti vilivyong'aa. Katika mstari huo ulionekana mlima. Kovu, na juu ya kovu, visiki.

Mwenyekiti aligeuza uso haraka, kama aliyepigwa kofi.

"Tazama, mzee," Sindano alisema, si kwa ukali.

"Siwezi."

"Kwa hiyo siku ile nayo hukuweza."

Jani moja liliteremka kupitia tundu la paa likatua kwenye kokoto. Mwenyekiti alipozungumza, sauti ya matangani haikuwepo tena.

"Nilimsihi ashuke. Nilimwambia, dada, nakuomba, acha hilo moja. Nyumba yote ni nzuri, vioo vyote ni vizuri, acha hilo moja tu. Akanijibu, mzee, hilo ndilo nyumba yenyewe. Mengine yote ni njia ya kufika hapo. Hakuwa na habari zangu. Alidhani nina huzuni tu. Alikuwa ananionyesha kwa kidole, kwa furaha: tazama, kutoka hapa unaona mpaka pale juu palipokatwa, watu watajua wapendwa wao hawakufa kwa mkosi." Alishika magoti yake. "Nikaishika ngazi. Nilitaka ashuke."

"Ukaitikisa."

"Nikaitikisa."

"Na baadaye ukarudisha ubao."

"Nilifikiri amekufa. Nikafikiri, akishakufa, hakuna atakayefungua tena." Akafunika uso. "Kisha nikasikia anapumua. Nikakimbia kuita watu. Waliponiuliza, jina la mdogo wake lilikuwa tayari mdomoni mwa kila mtu. Sikufanya kazi yoyote. Niliitikia tu."

"Kijana wa watu angefungwa kwa kuitikia kwako."

"Najua."

"Na pale juu ulikata kwa amri ya nani?"

"Ya kwangu. Waliniambia mizizi ndiyo inayoshika udongo. Nikasema mlima umesimama tangu enzi, hautaanguka kwa ajili yangu." Aliinua kichwa, na kwa mara ya kwanza macho yake yalikwenda kwenye mwanga, yakaganda pale. "Mke wangu yumo bondeni pale."

Sindano alimwacha atazame. Kisha akamsomea haki zake kwa sauti ya kawaida, Redio akamshika mkono, wakatoka naye wakiinama wote watatu mlangoni.

Adhuhuri ilikuwa haijafika alipompigia mkuu wa kituo. Mkuu alisikiliza mpaka mwisho, akaguna, akasema gari la mahakama litasubiri mtu mwingine na Mhandisi apelekwe moja kwa moja hospitalini. Huko daktari alikuwa na habari: Msanifu alikuwa amefumbua macho. Alijua jina lake. Siku ya kuanguka hakuikumbuka hata kidogo, na daktari hakutegemea kwamba ataikumbuka.

"Kwa hiyo bila hii nyumba tusingepata kitu," Redio alisema, akikunja utepe wa polisi. "Shahidi wetu ni kioo na ubao."

"Nimewahi kuwa na mashahidi wabaya zaidi."

Waliondoa mbao zilizobaki wao wawili, bila haraka, Redio akipanga skrubu kwenye kofia yake. Ubao wa mwisho ulipotoka, Sindano aliweka bisibisi chini akarudi nyuma mpaka kwenye mti. Dirisha lilikuwa kubwa kuliko alivyofikiri, bila fremu ya kuonekana, na mlima uliingia humo mzima. Mbavu zote za paa zilikuwa zikimleta mtu hapa. Aliyeingia ameinama angefika hapa amesimama wima, mbele ya kilichowaua watu wake, amezungukwa pande zote na miti iliyoachwa hai. Alisimama hapo kwa muda ambao ripoti yake isingeutaja.

Mama Pacha alikuwa amerudi kwenye benchi lake. Alitazama visiki kwa muda mrefu, midomo imekazwa. Sindano alidhani atalaani, akasubiri, maana ilikuwa haki yake.

"Siku ya ufunguzi," mama alisema, "tulikubaliana majina yatasomwa, na kila marehemu asimamiwe na mtu wake mmoja. Jina likitajwa, wa kwake anasimama. Mwenyekiti atakuwepo?"

"Hapana, mama. Hataweza kuwepo."

"Hawakujaliwa mtoto. Na yule mke wake hakuwa na ndugu hapa." Alijifunga kitambaa chake upya, akakaza fundo. "Atasimamiwa na nani?"

Katika sheria zote alizozijua Sindano hapakuwa na kifungu cha jambo hilo.

"Basi waambie kamati waniandike mimi," Mama Pacha alisema. "Ninao wawili tayari. Wa tatu hatanishinda."